Sura ya Saba: Dakika Kumi na Moja za Verna Rusk

Elihuruma Mmbaga, mpelelezi, alifika mjini Hopkins saa tatu kasorobo asubuhi, akaegesha gari nje ya nyumba ya wazee ya Cedar Bend, na hakushuka. Alikuwa na tabia moja ambayo mkewe aliichoka zamani: kabla ya kuingia mahali kwa kazi, lazima alisome jalada lote upya, hata kama analijua kichwani. Jalada la leo lilikuwa na karatasi nne. Wakili mmoja wa Saint Paul alikuwa amemtumia jana jioni, akiomba samahani kwa kuchelewa, kama wanavyoomba mawakili wote wanapotupa kazi yao kwenye mapaja ya mtu mwingine.

Chepkemoi Rono, miaka ishirini na tisa, msaidizi wa wauguzi. Anatuhumiwa kuiba filamu, mali ya Bibi Verna Rusk, miaka tisini na mitatu, mwigizaji mstaafu. Filamu yenyewe ni ya dakika kumi na moja, ilirekodiwa kutoka kwenye televisheni mwaka 1957, na hakuna nakala nyingine duniani. Mlalamikaji ni Duane, mpwa wa bibi huyo. Ripoti ya mwisho ya uchunguzi wa ndani inakwenda serikalini leo, saa kumi na moja jioni.

Elihuruma aliirudia sentensi hiyo ya mwisho. Ripoti ikisema msichana aliiba, jina lake litaingia kwenye orodha ya watu wasioruhusiwa kumgusa mgonjwa, na kutoka humo si kazi ndogo. Mtihani wa uuguzi ulikuwa mwezi ujao. Chepkemoi alikuwa ameusomea miaka mitatu huku akifanya kazi za usiku.

Alifunga jalada, akashuka. Theluji ya Machi ilikuwa imegeuka matope pembeni mwa njia.

Meneja wa nyumba hiyo alikuwa Mkenya aitwaye Wanjohi, mtu mrefu mwenye funguo nyingi kiunoni. Alimpokea vizuri, akampa kiti, akampa na chai, kisha akaweka picha mezani. Ilitoka kwenye kamera ya ukumbini. Chepkemoi alikuwa anaelekea mlango wa kutokea, koti limefungwa hadi shingoni, na mikononi ameshika kopo la biskuti, lile la buluu la mviringo ambalo kila Mwafrika wa Mashariki amewahi kulifungua akitumaini biskuti akakuta sindano na nyuzi.

"Mimi sina ubaya na huyu msichana," alisema Wanjohi. "Ni mfanyakazi mzuri sana. Lakini policy ni policy, bwana Elihuruma. Camera imemshika."

"Imemshika akifanya nini?"

"Akitoka na mkebe."

"Wenye nini ndani?"

"Yeye anasema biscuits."

"Wewe uliona nini ndani?"

Wanjohi alikuna kidevu. "Hakuna mtu aliona. Hiyo ilikuwa Ijumaa. Jumatatu ndio Duane alikuja na mtu wa maktaba ya filamu, wakafungua kopo la filamu, wakapata halina kitu."

"Kwa hiyo kopo la filamu bado lipo?"

"Liko kwa kabati yake. Hatujagusa."

Elihuruma aliacha chai yake nusu. "Twende nikalione."

Chumba cha Verna Rusk kilikuwa mwisho wa ukumbi wa pili, na bibi mwenyewe alikuwa amekaa dirishani, amevaa sweta ya kijani na hereni, midomo imepakwa rangi saa tatu asubuhi. Ukutani zilitundikwa picha zake za ujanani. Katika moja alikuwa muuguzi, katika nyingine karani, katika nyingine alikuwa nyuma ya mwanamume mwenye bastola, amefumbua kinywa. Elihuruma alizitazama kwa zamu na kugundua kwamba hakuna hata moja ambayo alikuwa amesimama katikati.

"Nafasi za kuigiza sabini na moja," Bibi Verna alisema kwa Kiingereza chake safi, kabla hajaulizwa. "Filamu kumi na tisa, zilizobaki televisheni. Nimekuwa shemeji mara tisa. Nimekuwa jirani aliyesikia mlio wa risasi mara sita. Wewe ni nani?"

"Naitwa Elihuruma. Ni mpelelezi."

"Wapelelezi huwa wananiuliza nilikuwa wapi usiku ule, halafu wanatoka jukwaani upande wa kulia." Alicheka. "Uliza."

Elihuruma alivuta kiti. Alikuwa amekwisha kuona jambo lililomshangaza zaidi ya picha. Kila kitu chumbani kilikuwa na kipande cha utepe mweupe wa gundi, na juu ya kila utepe maneno kwa kalamu nyeusi. Kwenye kikombe: *Verna, hadi sinki.* Kwenye miwani: *Verna, hadi kitandani.* Kwenye gazeti la jana: *kwa bwana wa chumba cha 9, baada ya chakula.*

"Amekuwa akifanya hivyo kitambo," Wanjohi alinong'ona kwa Kiswahili. "Ni kichwa. Umri."

"Bibi Verna, hizi tepe ni za nini?"

Bibi alimtazama kama mwalimu anavyomtazama mtoto aliyechelewa kuelewa. "Bwana, zile zilikuwa siku za televisheni ya moja kwa moja. Ukikosea, taifa zima limeona. Unashika glasi sekunde arobaini, lazima iende kwa mtu fulani, mlango fulani. Ukisahau, mwenzako anaingia mikono mitupu na tendo zima la mchezo linaanguka. Kwa hiyo unaandika. Kitu, mtu, mlango. Nimeanza mwaka 1954 na sijawahi kumwangusha mwenzangu hata siku moja."

"Na kila kitu kinachotoka mkononi mwako unakiandika?"

"Kila kitu."

Elihuruma alimtupia Wanjohi jicho. Aliandika kwenye daftari lake dogo, akapiga mstari chini.

"Bibi Verna, filamu yako ya 1957. Ulimpa mtu?"

Hapo uso wa bibi ulibadilika. Alitazama mikono yake. "Mwaka 1957 naukumbuka kuliko kifungua kinywa cha leo," alisema polepole. "Ijumaa ile sina kichwani. Nimeitafuta, haipo. Wamemfukuza msichana wangu?"

"Bado."

"Yeye huniita Kogo. Sijui maana yake."

"Ni bibi, kwa lugha ya kwao. Bibi wa damu."

Verna Rusk alilirudia neno hilo kwa sauti ndogo. Elihuruma alikwenda kabatini. Kopo la filamu lilikuwa rafu ya juu, la chuma, bapa, limeingia kutu ukingoni. Alivaa glavu, akalishusha, akapima upana wake kwa futi ya mkononi, akafungua kifuniko. Harufu kali ya siki ilimpiga puani hadi akarudisha kichwa nyuma. Alilifunga tena haraka.

"Mpwa wake anakuja mara ngapi?" aliuliza.

"Duane? Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi," alisema Wanjohi. "Yeye ni mtu wa mpango. Anaandika kwa register, *kukagua filamu.*"

Kwa dakika nzima Elihuruma alimfikiria Duane. Ndugu mwenye haki ya kuingia, anayejua kilipo kitu, aliyefika na shahidi siku ya kugundua wizi. Katika kazi yake ya zamani ya bima alikuwa ameshika watu wengi wa aina hiyo, na alikiri moyoni kwamba angependa iwe hivyo, maana ingemrahisishia siku. Lakini rejesta ilionyesha kwamba, kabla ya Jumatatu ile, Duane alifika mara ya mwisho Jumamosi ya tarehe saba, na Alhamisi ya tarehe kumi na mbili msafishaji alikuwa ameshusha makopo yote kufuta vumbi na kuandika kwenye fomu yake kwamba lile la filamu lilikuwa *zito*. Filamu ilikuwamo hadi siku moja kabla ya kamera kumshika Chepkemoi. Duane hakuwa Hopkins siku hizo. Elihuruma alimfuta, kwa masikitiko kidogo.

Kilichobaki kilimsumbua zaidi. Mwizi angebeba filamu pamoja na kopo lake, linaloilinda na ndilo linalofanya ionekane ya maana. Huyu alikuwa ameitoa, akaacha kopo. Mtu hufanya hivyo kama anataka kitu kiingie ndani ya chombo kingine, na kwa upana aliopima, filamu ile ingeenea kwenye kopo la biskuti.

Chepkemoi alikuwa akimsubiri katika nyumba yake ya kupanga, ghorofa ya pili, dakika kumi kwa gari. Alikuwa mwembamba, macho mekundu kwa kukosa usingizi, vitabu vya uuguzi vimepangwa mezani na havijafunguliwa. Alimpa Elihuruma maji, akakaa mbele yake na mikono magotini kama mtu aliyeitwa ofisini kwa mwalimu mkuu.

"Mzee, nimeshaeleza hii story mara nne," alisema.

"Eleza ya tano. Mimi sikuwepo kwenye zile nne. Kopo lilikuwa la nani?"

"Si langu. Ni la Auntie Nkirote, wa kanisa letu. Aliniletea mandazi kwa huo mkebe, nikapelekea Kogo nusu kwa vile anapenda. Alimaliza zote. Sasa Ijumaa nikamwambia, Kogo, leo nabeba mkebe ya watu. Akataka kuuosha. Nikamwambia haina haja, mimi nitaosha."

"Ulimwambia kitu kingine chochote kuhusu kopo?"

Chepkemoi alifikiri. "Aliniuliza kwa nini nahangaika na mkebe wa dola tatu. Nikamwambia kwetu chombo cha mtu hakirudi kitupu. Ukiletewa sahani na unga, unarudisha na mayai, ama ndizi, ama chochote ya kwako. Nikamwambia lakini wewe usijali, mimi nitaweka sukari. Akasema, *chochote cha kwako*. Akarudia mara mbili. Nikaenda kubadilisha mzee wa chumba cha nane nguo. Kurudi, mkebe uko kwa kiti, umefungwa."

"Hukulifungua?"

"Nilikuwa nime-work double, mzee. Masaa kumi na sita. Niliona ni zile biscuits wanapewa saa ya activity, anaficha kwa drawer. Nikasema asante Kogo, nikaubeba."

"Ulipotembea, zilicheza ndani? Biskuti hucheza."

Msichana alifumba macho, na mikono yake ikainuka yenyewe, ikashika kopo ambalo halikuwepo. "Hapana," alisema kwa mshangao. "Hakuna kitu ilicheza. Ilikuwa nzito na imetulia."

"Na ulipofika hapa?"

"Sikuleta hapa. Uliwachwa kwa gari. Jumapili nikampea Auntie mkebe wake kanisani."

"Bila kufungua."

"Si ulikuwa umejaa?" Chepkemoi alisema, kama kwamba hilo lilikuwa jibu la kutosha. Na kwa Elihuruma lilikuwa la kutosha. Alikuwa amelelewa Same, na angeweza kumwona mama yake akifanya vivyo hivyo: chombo kimejazwa na mtu mwingine, deni la adabu limelipwa, kinapita. Wanjohi alikuwa amelelewa hivyo pia, na katika ripoti yake aliandika *kopo la chakula* akaishia hapo, kwa sababu hakuna mtu wa kwao anayeuliza kopo la mandazi limeenda wapi.

"Jambo la mwisho. Kwa nini akupe wewe kitu chake kikubwa hivyo?"

Machozi yalimlenga Chepkemoi. "Sijui. Labda kwa sababu nilimuuliza. Zile picha zote kwa ukuta, nilimuuliza, Kogo, hukuwahi kuwa steringi hata mara moja? Nikamweleza steringi ni yule mwenyewe, yule picha haiwezi kuendelea bila yeye. Akasema mara moja. Dakika kumi na moja."

Elihuruma alisimama na kutoa simu. "Mpigie Nkirote. Mwambie asifungue, asiguse, asisogeze. Na usimwambie kwa nini."

"Na kama ameshafungua?"

Elihuruma alikuwa tayari anachukua funguo za gari. Alijua alichokuwa akikitafuta, ingawa hakumuuliza msichana kuhusu tepe, asije akamtia jibu mdomoni. Kama Verna Rusk ndiye aliyejaza kopo lile kwa mkono wake, basi lina utepe. Miaka sabini hakuwahi kuacha kitu kiende bila kukiandika. Na kama halina utepe, basi yeye mwenyewe, Elihuruma, atakuwa amewapelekea filamu iliyoibwa, iliyokutwa kwa rafiki wa mtuhumiwa, na msichana huyu atakuwa amekwisha.

Barabara ya 169 ilikuwa nyeupe kwa chumvi ya kuyeyusha theluji. Alifika Maple Grove, kwa Nkirote, saa saba na nusu. Nkirote, mwanamke mnene wa miaka hamsini na kitu, muuguzi wa figo, alimfungulia akiwa na aproni, na kabla ya salamu kuisha alikuwa ameshaweka sahani ya viazi na njegere mezani.

"Utakula kwanza," alisema. "Hii mambo ya mkebe haitakimbia."

"Dada Nkirote, nakuomba. Nikishaliona nitakula mpaka unifukuze."

Alimpeleka sebuleni. Juu ya kabati la vyombo vilipangwa vikopo vinne vya buluu, vinafanana kama mapacha. Elihuruma alisimama akavitazama.

"Ni kipi?"

"Huyu ni nyuzi, huyu ni vifungo, huyu ni vitu vya kushona nywele," Nkirote alionyesha kimoja kimoja. "Huyu wa mwisho ndio alirudi. Najua wangu wote, nimeweka rangi ya kucha chini."

"Hukukifungua?"

"Nifungue ya nini? Chepkemoi amenirudishia na biscuits. Naweka za wageni. Pasaka dada yangu anakuja kutoka Woodbury."

Elihuruma alivaa glavu. Alikinyanyua kwa vidole vya mikono miwili, akakigeuza chini juu. Rangi ya kucha nyekundu, herufi N. Akakigeuza tena, taratibu, akizungusha ukingo wa kifuniko kwenye mwanga wa dirisha. Upande wa kwanza haukuwa na kitu. Wa pili vilevile.

Upande wa tatu utepe ulianza, mweupe, wa kitambaa. Ulipita juu ya kiungio cha kifuniko na kuzunguka nusu ya kopo, bila kukatika popote, na mwandiko mweusi wa herufi kubwa uliovuka kutoka kifunikoni hadi tumboni mwa kopo ulisema: *KWA CHEP. TENDO LA TATU. ANATOKA NAYO MLANGONI. V. RUSK, IJUMAA.*

"Nilidhani ni mtoto alichora," alisema Nkirote begani kwake. "Nilitaka kubandua, nikapigiwa simu ya kazi."

"Mungu aibariki hiyo kazi yako," alisema Elihuruma, na alimaanisha.

Hakulifungua. Alipiga picha kumi na mbili, akaandika maelezo ya Nkirote kwa mkono, akamwomba aweke sahihi na saa. Kisha akamwomba avae koti. Kopo lingesafiri mapajani mwa mwenye nalo hadi Hopkins, na yeye mwenyewe hangekaa nalo peke yake hata dakika moja, ili mtu asije akasema lolote baadaye. Nkirote aliondoka na viazi pia, ndani ya kikapu.

Saa tisa na nusu walikuwa sita chumbani kwa Bibi Verna. Duane alikuwa mtu wa miaka sitini na mitano, koti safi, miwani ya bei, uso wa mtu ambaye hapendi kupotezewa muda lakini ana adabu ya kutosema. Chepkemoi alisimama karibu na mlango. Hakuwa ameingia chumba hiki kwa wiki mbili. Verna alimnyooshea mkono, naye hakujua kama ameruhusiwa kuushika. Alimtazama Wanjohi, Wanjohi akatazama sakafu. Chepkemoi akaushika.

Elihuruma aliweka kopo mezani na kueleza kwa Kiingereza, pole pole, lilikotoka. Duane alisoma utepe mara mbili.

"Huu ni mwandiko wako, shangazi?"

"Wa nani mwingine?" alisema Verna. "Angalia hiyo R."

Wanjohi alikata utepe kwa mkasi. Kifuniko kilipotoka, siki ilijaa chumbani. Ndani, filamu ilikuwa imejikunja na kushikana, ukingo wake umekuwa mawimbi. Duane alijaribu kuvuta mwanzo wake na kipande kikavunjika mkononi mwake.

"Imeharibika," alisema. Shingo yake ilikuwa nyekundu. "Imekaa kwenye gari, imekaa kwenye joto nyumbani kwa watu. Wameiharibu."

Elihuruma alishusha kopo la chuma kutoka kabatini na kumpa. "Fungua. Siku ile mlitazama utupu tu. Sasa nusa."

Duane alinusa. Alisimama akiwa amelishika.

"Harufu hiyo haiji kwa wiki mbili," alisema Elihuruma. "Filamu za namna hii huoza zenyewe, miaka kumi, ishirini. Ilikuwa imeoza humu kabatini zamani. Umeandika kwenye rejesta kwamba kila mwezi ulikuja kuikagua. Uliikaguaje?"

Duane aliliweka kopo mezani. "Nililitikisa kopo," alisema. "Nilisikia kuna kitu ndani."

Hakuna aliyemcheka. Wanjohi alikohoa, akatoa fomu yake kwenye bahasha. Saa yake ilisema kumi kasoro dakika tano. "Basi tumalize," alisema kwa Kiingereza. "Hakujua alichobeba, kwa hiyo hata sheria ya kutopokea zawadi za wagonjwa hajaivunja. Duane, ukikubali, naweka alama hapa: *malalamiko yameondolewa.* Unatia sahihi, naituma."

Duane alichukua kalamu. Chepkemoi ndiye aliyesema, "Ngojeni."

Alirudia kwa Kiingereza, bila kushusha sauti. Alitaka fomu iseme kwamba hakuiba. Kuondolewa, alisema, ni kama mtu amekuhurumia. Mwajiri atakayeisoma mwaka ujao atajiuliza waliondoa kwa nini, na atachagua mtu mwingine.

"Fomu ina visanduku vitatu," alisema Wanjohi. "Hicho hakipo." Kisha kwa Kiswahili, chini chini: "Chep, chukua hii. Ni win."

"Si win, boss. Mimi sikuiba."

"Ni kitu kilekile," alisema Duane kwa uchovu. "Nimeondoa malalamiko. Siwezi kuapa juu ya jambo ambalo sikuliona."

Elihuruma alikuwa anajua jinsi jambo hili linavyokwenda. Karatasi ya "kuondolewa" hubaki kwenye jalada kama doa la chai kwenye shuka: unafua, na mwenye macho bado analiona. Alikuwa anatafuta la kusema Verna alipomgeukia Chepkemoi.

"Uliitazama?"

Chepkemoi angeweza kusema ndiyo. Watu wote mle ndani wangemsamehe. "Hapana, Kogo," alisema. "Sikujua iko ndani. Pole sana."

"Kwa hiyo hakuna aliyeitazama."

Bibi Verna alitazama filamu iliyovunjika mezani. Kisha akaketi wima. Aliweka mkono wa kushoto sikioni kana kwamba ameshika kitu, wa kulia akaunyoosha mbele kama mtu anayechomeka waya, na alipofungua kinywa hakuwa mzee.

Alikuwa msichana wa kuunganisha simu katika mji mdogo, usiku wa theluji, kama alivyokuwa mwaka 1957. Upande wa pili wa waya kulikuwa na dereva aliyekwama barabarani, amepiga kutoka kibanda cha simu, anaganda, anataka kulala. Kazi ya msichana ilikuwa kumzuia asilale mpaka trekta ifike. Alimuuliza jina la mama yake. Alimuuliza bei ya mahindi. Alimtukana kidogo. Alimwambia uongo kuhusu rangi ya nywele zake ili amkasirishe, na alipokuwa hasikii jibu alisubiri, akiwa amemtazama mtu asiyekuwepo, na wote watano walisubiri pamoja naye. Hakusita neno hata moja. Nkirote alikuwa ameshika kikapu cha viazi kifuani. Wanjohi alikuwa amesahau saa yake. Chepkemoi alilia waziwazi bila kujifuta, jambo ambalo hakuwa amelifanya wiki mbili zote, na Elihuruma mwenyewe, ambaye hapendi sinema, alijikuta anaomba ile trekta ifike.

"Bado upo?" Verna alisema mwishoni, kwenye waya. "Niambie upo." Akashusha mkono.

Ilikuwa saa kumi na dakika saba. Nje mtu alikuwa anasukuma kigari cha chai.

"Nimekuwa mpwa wako miaka sitini na mitano," Duane alisema. "Sikuwahi kukuona ukifanya hivyo."

"Hukuniuliza," alisema Verna. Hakusema kwa ubaya. "Huyu aliniuliza."

Duane alivua miwani, akaifuta, akaivaa. Aliivuta fomu. Aliviacha visanduku vyote vitatu, akageuza karatasi, na nyuma yake, mahali ambapo hakukuwa na mstari, akaandika kwa mkono kwamba shangazi yake, kwa hiari yake, alimpa Chepkemoi Rono filamu ile. Kwamba Chepkemoi Rono hakuiba. Kwamba yeye, Duane, alimtuhumu bila kuangalia. Aliandika polepole, akabonyeza kalamu kwenye neno *hakuiba* mpaka karatasi ikabonyea. Akatia sahihi, akampa.

Chepkemoi aliisoma yote. Akaisoma tena. Kisha akamrudishia.

"Weka na tarehe," alisema.